Chausiku hafutiki kwa sindano

Swali: "Ninaandika riwaya ya vijana kuhusu mji wa miaka mia ijayo. Mhusika wangu, Chausiku, ana miaka 16. Katika sura ya 14 anakamatwa na utawala, anafungiwa siku tisa na kudungwa sindano za kufuta kumbukumbu. Sura ya 16 anatoka akiwa askari mtiifu asiyemtambua hata mama yake. Rafiki zangu watatu walioisoma wamesema sehemu hiyo haiaminiki, na mmoja akaongeza kwamba haikumuuma kabisa. Nimekosea wapi? Na nimrudishe vipi kabla riwaya haijaisha? Ina sura 28."

Jibu:

Wasomaji wako wametoa malalamiko mawili, na kila moja lina chanzo chake. Sehemu hiyo haiaminiki kwa sababu ya sindano. Haiumi kwa sababu ya zile sura 13 zilizotangulia, na huko ndiko pa kuanzia. Hata ukiandika gereza la kutisha namna gani, msomaji hawezi kuhuzunikia kitu ambacho hakuwahi kukiona mikononi mwa mwenyewe.

Sentensi kama "hakuwa tena yule wa zamani" haimwambii msomaji kitu. Yeye hupima upotevu kwa mambo madogo anayoyajua. Mpe matatu kabla ya sura ya 8: jina, tabia ya mwili, na jambo lisilokwisha. Jina unalo tayari, ila hujalitumia. Chausiku ni mtoto aliyezaliwa usiku, na jina la namna hiyo hubeba masimulizi: nani aliitwa kuja kusaidia, taa iliishiwa mafuta saa ngapi, bibi alisema nini alipomwona mtoto. Simulia kisa hicho mara mbili, na mara ya pili kisimuliwe na mtu mwingine kwa tofauti kidogo. Mama anasema mvua ilikuwa inanyesha, bibi anakana. Hapo kinakuwa kisa cha nyumba yenye watu. Tabia ya mwili iwe ya kawaida mno: Chausiku akionja mchuzi huudondoshea kiganjani kama bibi yake, hatumii kijiko. Jambo lisilokwisha liwe deni la moyoni, kwa mfano barua aliyomficha kaka yake, na kila siku anajiambia atampa kesho.

Kosa la kawaida hapa ni kumpa mhusika kidani au picha. Kidani mlinzi anakivua kwa sekunde moja. Tabia haivuliki, mwenyewe ndiye anayeiacha. Siku Chausiku atakaporudi jikoni kwa mama yake na kuchukua kijiko, huhitaji sentensi hata moja ya maelezo. Mama ataona, na msomaji ataona pamoja naye.

Sasa sindano. Kiswahili kina usemi mzuri kwa jambo hili: kutia kasumba. Kasumba ni afyuni, dawa ya kulevya, na afyuni huingia kidogo kidogo, mpaka siku anayeitumia anaanza kuidai mwenyewe. Usemi wa "kuosha ubongo" umetoka kwenye Kichina, ukasambazwa kwa Kiingereza na mwandishi wa habari Edward Hunter kuanzia mwaka 1950. Usemi huo humfanya mwandishi aone bomba, maji na doa linalotoka. Shika picha ya kasumba, uiache ya bomba. Sindano yako inamnyang'anya Chausiku kila kitu bila yeye kufanya lolote, kwa hiyo hakuna tukio la kuandika. Kuna mwili uliolala na daktari aliyeinama, basi.

Historia yenyewe iko upande wa wasomaji wako. Vita vya Korea vilipokwisha, wafungwa 21 Wamarekani waliokuwa mikononi mwa Wachina na Wakorea Kaskazini walikataa kurudi kwao. Magazeti yakazungumzia dawa za siri. Watafiti waliowahoji waliotoka kwenye kambi na magereza, akiwemo Robert Jay Lifton na Edgar Schein, hawakukuta dawa ya siri wala mashine. Walikuta upweke, njaa, uchovu, shinikizo la kundi, na maandishi, karatasi nyingi sana za maandishi. Shirika la ujasusi la Marekani nalo lilianza mwaka 1953 mradi wake wa kutafuta dawa ya kutawala akili, MKUltra, likawapa watu LSD, dawa inayomfanya mtu aone visivyokuwepo, bila wao kujua. Liliharibu maisha ya watu. Dawa ya kumfuta mtu mmoja na kuandika mwingine juu yake halikuipata.

Kama unaipenda sindano yako na hutaki kuitoa, ipunguzie kazi. Katika riwaya ya Mockingjay ya Suzanne Collins (2010), sumu anayopewa kijana Peeta haimfuti kichwani mwake Katniss, msichana anayempenda. Inafunga kumbukumbu alizo nazo juu ya Katniss pamoja na hofu, hadi akimwona anataka kumuua. Ndiyo sababu inauma: kila alichokipenda bado kipo, kimegeuzwa tu. Sindano yako nayo ifanye jambo moja dogo. Kila Chausiku anapomkumbuka mama yake, apate kichefuchefu. Baada ya wiki chache atakuwa anakwepa kumkumbuka kwa hiari yake.

Siku tisa hazitoshi. Nyosha kifungo kiwe miezi mitano, ukitumie sura tano au sita. Kazi ya kuvunja ina mpangilio.

Kwanza hukatwa habari, na habari ya kwanza kukatwa ni saa. Chumba hakina dirisha, taa haizimwi. Milo miwili inakuja ikipishana saa mbili, halafu inapita saa kumi na nne bila kitu. Chausiku anahesabu siku kwa milo, na hesabu yake inapotoka. Mwache msomaji ahesabu pamoja naye na apotee pamoja naye. Aamshwe kila baada ya dakika arobaini. Hapa waandishi wengi huharibu kwa kumpa mhusika hotuba za ushujaa siku ya tano. Mtu aliyenyimwa usingizi siku tano hana hotuba. Anasahau neno "kikombe", anaona wadudu ukutani, analia kwa sababu ya kiatu. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, katika chuo kikuu cha McGill huko Kanada, wanafunzi walilipwa dola 20 kwa siku walale tu kwenye kitanda kizuri, macho yamezibwa na mikono imefunikwa. Wengi hawakufika zaidi ya siku mbili tatu, na baadhi yao walianza kuona vitu visivyokuwepo. Hao walikuwa huru kuondoka saa yoyote na hakuna aliyewachukia.

Kipigo tumia kidogo. Albert Biderman, aliyechunguza yaliyowapata marubani wa Marekani waliotekwa Korea na kuchapisha matokeo mwaka 1957, alieleza kwamba kumsimamisha mfungwa kwa saa nyingi kulifanya kazi ambayo ngumi haikuifanya. Anayepigwa anamchukia anayempiga, na chuki hiyo inamshikilia. Aliyesimamishwa anaumizwa na miguu yake mwenyewe, hivyo vita vinahamia ndani yake. Andika saa ya sita ya kusimama badala ya kofi la kumi.

Kisha karatasi. Hii ndiyo sehemu tajiri kuliko zote, nawe huna hata mstari mmoja juu yake. Katika kambi za wafungwa Korea kulikuwa na mashindano ya insha, na zawadi ilikuwa sigara chache au tunda. Zawadi ilikuwa ndogo kwa makusudi. Mtu aliyepewa zawadi kubwa anajiambia, "Niliandika kwa sababu ya zawadi." Aliyepewa chungwa moja hana kisingizio hicho, lazima ajitafutie sababu nyingine, na iliyo karibu kabisa ni kwamba labda anayaamini aliyoyaandika. Basi siku ya 10 mpe Chausiku penseli na swali dogo la kweli: "Taja jambo moja ambalo mtaa wenu ulikosea." Mtaa kweli ulikosea, maji ya kisima yaliuzwa ghali kwa wajane. Anaandika mistari mitatu, anapewa chungwa. Siku ya 14 anaombwa mambo matatu. Siku ya 25 anawasomea wafungwa wenzake. Siku ya 40 sauti yake inarushwa kwa vipaza sauti katika mtaa wake, na hakuna hata neno moja la uongo ndani yake. Siku ya 41 anaambiwa jirani zake wamemwita msaliti, na hilo nalo ni kweli. Kila hatua ni ndogo kiasi kwamba msomaji mwenye miaka 15 atajiuliza angekataa wapi, na hatapata mahali.

Anayemvunja asiwe katili. Awe mzee mpole anayeomba radhi kwa niaba ya wenzake, anayeleta uji wenye sukari na kumwita "mwanangu". Na hapa una kitu ambacho mwandishi wa lugha nyingine hana: shikamoo. Msichana aliyelelewa vizuri humwamkia mzee bila kufikiri. Siku ya kwanza Chausiku anaibana shikamoo mdomoni, na kuibana kunamuuma kuliko njaa, kwa sababu ni kama kumkosea bibi yake. Siku ya 33 inamtoka yenyewe. "Marahaba, mwanangu," anajibu mzee, na anaendelea kukoroga uji. Usitie maelezo yoyote hapo, funga sura.

Hatua ya mwisho ni kumfanya aumize. Kaskazini mwa Uganda, waasi wa LRA (Lord's Resistance Army) waliteka maelfu ya watoto tangu mwishoni mwa miaka ya 1980, na jambo lililoelezwa mara nyingi na walionusurika ni kulazimishwa kupiga au kuua watoto wenzao, pengine watu wa kijiji chao wenyewe. Kisha waliambiwa kwamba nyumbani hawatapokelewa tena. Mlango ulifungwa kwa mkono wa mtoto mwenyewe. Riwaya ya vijana inaweza kubeba uzito huu, lakini usiuandike kwa damu nyingi. Chausiku ataje jina moja tu kwa sauti ya kawaida, na katika sura inayofuata kitanda cha mwenye jina hilo kiwe kimetandikwa upya.

Kuhusu sherehe ya kutoka, fikiria unyago. Mwari hutengwa, hufundwa na kungwi kwa nyimbo, hutolewa nje kwa ngoma akiwa mtu mwenye hadhi mpya. Utawala wako unaweza kuiba umbo hilo lote, hata khanga na vigelegele. Tofauti ni kwamba mama yake mwari anamjua kungwi na anajua siku ya kutoka, naye mwari hurudishwa kwa watu wake. Chausiku atatolewa kwa ngoma mbele ya watu asiowajua hata mmoja. Bibi yake akiiona picha hiyo ataelewa wizi huo haraka kuliko mtu yeyote mjini.

Lugha ya masimulizi ndiyo inayostahili muda wako mwingi wakati wa kuandika upya. Sarufi yetu huviita ni-, u-, a-, tu-, m- na wa- viambishi vya nafsi. Nafsi ndiyo hiyo hiyo utawala unaitaka. Kwa hiyo huna haja ya kutangaza kwamba Chausiku anaipoteza; iondoe kwenye vitenzi.

Anza na "ninaogopa, nimechoka, nataka kwenda nyumbani". Kuanzia pale anaposomea wenzake, ni- ianze kuhamia tu-: "tunaogopa, tumechoka". Isihamie yote kwa siku moja. Ihame kwanza kwenye makosa ("tulikosea"), halafu kwenye njaa, mwisho kwenye ndoto, maana mtu akisema "tumeota" amekwisha kwenda mbali. Kisha tumia hu-. Kiambishi hiki cha mazoea hakibebi nafsi yoyote: "Huamka saa kumi. Huosha uso. Hukunja blanketi." Nani? Mimi, yeye, sisi, wote. Ukurasa mzima wa hu- ni mtu aliyefutika, na msomaji atahisi ubaridi hata asipojua umetoka wapi. Usizidishe ukurasa mmoja na nusu, utamchosha. Na katikati yake achia ni- moja iponyoke: "Hukunja blanketi. Nimeota mvua. Hufagia sakafu." Mhariri anaweza kudhani ni kosa akalisahihisha, kwa hiyo mwachie maelezo pembeni.

Walinzi nao wawe na sarufi yao. Kiswahili humlinda binadamu kwa upatanisho: kijana, kipofu na kiziwi huanza kwa ki-, lakini tunasema "kijana huyu amelala", hatusemi "kijana hiki kimelala". Utawala wako uondoe ulinzi huo. Mlinzi aulize, "Kimekula?" Mara ya kwanza Chausiku hatambui kwamba ni yeye anayesemwa. Sura tatu baadaye mfungwa mpya akilia usiku, Chausiku ndiye aseme, "Kinyamazishwe." Neno hilo moja lina kazi kubwa kuliko sindano zako zote.

Maneno ya ujamaa yabadilike pia, polepole: mamangu, mama yangu, mama, mzazi wa kike. Na utawala uwe na maneno laini kwa mambo magumu. Lois Lowry katika riwaya ya The Giver (1993) alitumia neno linalomaanisha "kuachiliwa" kwa kuua, na watoto wa humo wanalitamka bila hofu. Tafuta lako kutoka kwenye Kiswahili cha maofisini: "kupumzishwa", "kuhamishiwa", "kupangiwa". Manne au matano yanatosha. Ukifika kumi na mbili msomaji atahitaji kamusi na ataacha kuhisi.

Kama unasimulia kwa nafsi ya kwanza, futa kila sentensi ya aina ya "sikujua wakati ule kwamba ninatiwa kasumba". Inamwambia msomaji kwamba msimulizi amekwisha kupona, na hofu yote inaisha hapo hapo.

Kuhusu kumbukumbu, kufuta ni kugumu, kupandikiza ni rahisi kuliko watu wanavyodhani. Mwanasaikolojia Elizabeth Loftus na mwenzake walichapisha mwaka 1995 jaribio lenye watu 24. Kila mmoja alipewa visa vinne vya utoto wake vilivyosemekana kutoka kwa ndugu. Vitatu vya kweli, kimoja cha uongo: kwamba alipotea dukani akiwa mdogo. Watu 6 walikikubali kile cha uongo, kwa ukamilifu au kwa sehemu. Tumia uwiano huo huo. Mzee mpole amsimulie Chausiku visa vitatu vya kweli alivyovipata kwenye faili, na cha nne kiwe kisa cha kuzaliwa kwake, ila katika kisa hicho mama alikuwa amekwenda zake na mtumishi wa utawala ndiye aliyeleta taa. Kwa kuwa mama na bibi walikwisha kupingana kuhusu mvua, kuna ufa tayari pa kupenyea. Waliosoma Shamba la Wanyama, riwaya ya George Orwell, katika tafsiri ya Fortunatus Kawegere watakumbuka jinsi amri za ukutani zilivyobadilishwa, na wanyama wakaanza kutilia shaka kumbukumbu zao kabla ya kumtilia shaka aliyeshika brashi.

Kumrudisha ndiko kunakoharibu riwaya nyingi za namna hii. Mama anataja neno, au kijana anambusu, na mara ukungu unaondoka. Usifanye hivyo. Lifton aliwahoji watu 25 wa nchi za Magharibi waliotoka kwenye magereza ya China, wengine wakiwa wamekaa humo miaka. Wachache sana walitoka wakiwa waumini wa kweli wa walichofundishwa. Lakini wengi walitoka wamechanganyikiwa, wana hatia na woga, hawajui lipi katika fikra zao ni lao. Hilo linakupa mambo mawili: nafsi ya Chausiku ipo, na kurudi kwake hakutakuwa safi.

Tenga sura saba kwa kurudi. Mwili utangulie: mkono unainuka kuelekea mchuzi, unasita, unachukua kijiko. Kisha maneno, ni- moja moja. Kuamini kuje mwisho kabisa, tena nusu. Mchezo wa Peeta wa kuuliza "kweli au si kweli" kuhusu kila kumbukumbu anayoitilia shaka unafanya kazi kwa sababu unamhitaji mtu mwingine aliyekuwepo. Kwako mtu huyo awe kaka, ambaye bado hajapata barua yake. Mama asiwe mponyaji. Yeye ndiye aliyeumizwa zaidi, na ana haki ya kukasirika ukurasa mzima.

Usikwepe alichokifanya akiwa mtumishi wa utawala. Dominic Ongwen alitekwa na LRA akiwa mtoto njiani kwenda shule, akakua na kuwa kamanda. Mwaka 2021 Mahakama ya Kimataifa ya Jinai ilimkuta na hatia na kumhukumu miaka 25. Majaji walikataa utetezi wa kulazimishwa, lakini walizingatia kutekwa kwake walipopima adhabu. Upande mwingine, Waacholi wa kaskazini mwa Uganda waliwapokea wengi waliorudi kwa kuwakanyagisha yai mlangoni pa boma kabla ya kuingia. Mji wako nao unahitaji mahali pa kumhukumu Chausiku na mahali pa kumpokea, na wahusika wako wasikubaliane kipi kitangulie.

Ukimaliza kuandika upya, fanya jaribio hili. Chukua kurasa tatu za kifungoni, moja ya ni-, moja ya tu-, moja ya hu-. Ondoa namba za kurasa, tarehe na kila jina, wape rafiki zako wale watatu wazipange. Wakipatia, acha zilivyo. Wakichanganya ya kwanza na ya pili, umehamisha viambishi vyote kwa mkupuo. Rudi siku ya 25, urudishe ni- kwenye ndoto zake.